Siri ya Shekuwe

Mjumbe kafa Mombasa,
kiti ki wazi kabisa,
Lamu ikaja siasa
pamoja na neno kura.

Neno lilikuwa geni,
likaingia jikoni,
tukalitia kinywani,
ladha yake si dhahira.

Bwana Shauri kaweka
tangazo lililotaka
wanaume wa miaka
wanaojua kuchora.

Kuchora jina, kusoma
barua yenye kalima.
Shekuwe wangu kazama
kama mtu wa hasara.

Yeye mwashi wa chokaa,
kuta zake hukomaa;
alifu kwake ni taa
iliyokosa kung'ara.

Mimi nalisoma ndani,
nyuma ya pazia, chini,
wanachuo barazani,
nami nikishika sura.

Usiku, swala ya isha
ikisha, namfundisha,
kidole nakizungusha
kwenye chokaa, duara.

Shini yake ina meno
ya papa, si ya mfano;
mzito wake mkono,
akaapiza, kafura.

Karani kamwangalia,
jina likamtokea,
lapinda, lakini pia
lasomeka barabara.

Orodha ikatundikwa:
mwanafunzi kaandikwa,
mwalimu hakutamkwa,
ndiyo sheria ya kura.

Bi Kitete wa Langoni,
mwenye nyumba saba pwani,
alilipa kodi; lini
aliulizwa fikira?

Mpangaji hakulipa
kodi, tangu aje hapa;
ndiye Serkali yampa
kalamu, apige kura.

Wagombea ni wawili:
mmoja wao wakili,
mwenye miwani ya ghali,
suti nyeupe, kamera.

Kashuka ndege ya Manda,
akakataa kupanda
punda; kwa miguu kenda,
viatu vikamkera.

Kahutubu Mkomani
ahadi kama majani:
bomba la maji mjini,
madarasa na ajira.

Nasi, juu ya sakafu,
tukasikiza kwa hofu
maneno marefurefu
yakikunjuka ja jora.

Wa pili ni Basafari
wa sabuni na sukari;
nusu mji, kwa daftari,
alitufunga imara.

Hakuhutubu lolote.
Alipita kwetu kote,
akasema: "Deni lote
litangoja kwa subira."

Kapeleka kila nyumba
sukari kwenye kitumba,
ikafungwa kwa ukamba,
kasema: "Hii si kura."

Nikamwambia Shekuwe:
"Moyo ufanye ni jiwe,
wakili ndiye apewe,
tusiuze kwa tijara."

Kasema: "Wakili mtu
mwema, ila si wa kwetu.
Nani kwa msiba wetu
alituletea jora?"

Sikuwa na la kujibu.
Ilikuwa ni Rajabu,
mtoto wetu Habibu,
wiki moja ya harara.

Kanzu nikampigia
pasi, udi nikatia,
darini naangalia
akipita kwa papara.

Karudi: "Sanduku bati,
askari wawili kati,
nyuma pazia la shiti,
umeingia, sitara."

Nikacheka: "Na pazia!
Wanaume mwaingia
kama sisi, mkatia
siri, ndipo iwe kura?"

Nikamuuliza: "Nani?"
Kanikazia usoni,
akasema: "Mke, kwani
hujui siri ya kura?"

Hesabu ikatangazwa,
Basafari kapongezwa;
wakili alipunguzwa
kwa moja tu, moja kura.

Bomba halikutufika,
deni likaongezeka.
Mimi na yeye miaka
mingi, wala si hasira.

Kanipa funguo zote,
fedha, ndoto, hata pete,
ila moja nisipate:
jina alilolichora.

Hata wake tukaitwa
kuchagua, nikafatwa:
"Nani?" Nami sikupatwa;
nikamwambia: "Subira."

Siku alipougua
tena nikamtajia
majina; akachekea
kama kijana wa ghera.

Kidole kikazunguka,
shukani akaandika
shini; meno yakatoka
matatu, yaliyo bora.